Ndoa ya Maslahi: Kutoka Riwaya za Uingereza hadi Vibanja vya Izigo

Ndoa ya maslahi ni ndoa inayofungwa kwanza kwa ajili ya mali, ardhi, hadhi au usalama, huku mapenzi yakiachwa yaje baadaye au yasije kabisa. Katika riwaya za mapenzi zinazohusu Uingereza ya mwanzoni mwa karne ya 19, mkasa huu umesimuliwa mara nyingi kiasi cha kuwa nguzo ya fani yenyewe: bwana wa ukoo mashuhuri aliyezama katika madeni humwoa binti wa tajiri, au binti aliyebaki bila baba wala urithi hukubali kuolewa na mtu asiyemjua, kisha msomaji hufuatana nao hadi mkataba wao unapogeuka kuwa pendo. Anayekutana na visa hivyo kwa mara ya kwanza, ama vitabuni ama katika tamthilia ya Bridgerton iliyoanza kuonyeshwa na Netflix mwaka 2020, anaweza kudhani kwamba hayo ni mambo ya watu wa mbali, wenye majumba ya fahari na magari ya farasi, yasiyomhusu mkulima wa migomba na kahawa wa mkoani Kagera. Hata hivyo, kanuni za urithi zilizowasukuma mabinti wale kwenye ndoa za aina hiyo zinafanana sana na kanuni zilizotawala ardhi ya Buhaya, yaani nchi ya Wahaya, na kesi iliyozitikisa kanuni hizi za pili ilianzia katika Wilaya ya Muleba, ambamo kata ya Izigo imo.

Ulinganisho huu una faida kwa sababu unaonyesha mahali ambapo uzito wa jambo upo. Wengi huuliza kama wawili walipendana siku ya harusi, na wakishajua hawakupendana huihukumu ndoa yao papo hapo. Swali lenye maana zaidi ni kama kila mmoja wao, na hasa mwanamke, alikuwa na njia nyingine ya kuishi kwa heshima endapo angekataa, kwa kuwa makubaliano ya mtu mwenye pa kwenda na makubaliano ya mtu asiye na pa kwenda hayawezi kuwa kitu kimoja, hata kama maneno yaliyotamkwa mbele ya mashahidi ni yale yale.

Enzi ya Rejensi na sheria zake

Enzi ya Rejensi ni kipindi cha mwaka 1811 hadi 1820, ambapo Mfalme George III wa Uingereza alizidiwa na maradhi ya akili na mwanawe wa kwanza, ambaye baadaye alitawazwa kuwa George IV, akashika madaraka kwa niaba yake. Ilikuwa miaka ya vita dhidi ya Napoleon, vilivyokwisha kwa pigano la Waterloo mwezi Juni 1815, na pia miaka ambayo utajiri wa wafanyabiashara wa London ulizidi kukua huku mabwana wengi wenye ardhi wakiishi kwa mikopo. Tabaka moja lilikuwa na fedha bila majina makubwa, na jingine lilikuwa na majina makubwa bila fedha, kwa hiyo ndoa ikawa njia ya wazi ya kubadilishana kile ambacho kila upande ulikikosa.

Sheria ya wakati huo ilimhesabu mwanamke aliyeolewa kuwa nafsi moja na mumewe, na nafsi hiyo ilikuwa ya mume. Fedha zake, mapambo yake na mali zake nyingine zinazohamishika zilikuwa za mume tangu siku ya harusi, ardhi aliyokuja nayo ilisimamiwa na mume ambaye pia ndiye aliyechukua mapato yake, na kwa kawaida mke hakuweza kuingia mkataba wala kufungua shauri kwa jina lake mwenyewe. Hali hiyo ilianza kurekebishwa kwa sheria za mali za wanawake walioolewa za mwaka 1870 na 1882. Kabla ya hapo, familia zenye uwezo zilijikinga kwa hati ya makubaliano ya ndoa, iliyoandikwa na mawakili wa pande zote mbili kabla ya harusi, ambamo kilitajwa kiasi cha fedha atakazoleta bibi harusi, posho yake ya kila mwaka, na pato litakalomtunza endapo mume atatangulia kufa.

Ardhi ya ukoo nayo ilifungwa kisheria ipite nzima kutoka kwa mwanamume mmoja hadi mwingine, mtoto wa kwanza wa kiume akirithi shamba na jumba, wadogo zake wakitafutiwa kazi jeshini au kanisani, na mabinti wakipewa fedha za kuolewa ikiwa zipo. Palipokosekana mtoto wa kiume, mali iliyofungwa hivyo ilikwenda kwa ndugu wa kiume wa mbali, na mabinti waliozaliwa ndani ya nyumba ile wakalazimika kuihama. Sheria ya ndoa ya mwaka 1753 iliongeza kwamba kijana aliye chini ya miaka 21 asifunge ndoa kwa leseni bila idhini ya mzazi au mlezi, ndiyo maana wapendanao waliokatazwa walitorokea Gretna Green, kijiji cha Scotland kilicho karibu na mpaka, ambako sheria hiyo haikufika. Talaka ya kumwezesha mtu kuoa au kuolewa tena ilipatikana kwa sheria maalumu ya Bunge tu, kwa gharama kubwa mno, hadi utaratibu ulipobadilishwa mwaka 1857. Aliyeingia katika ndoa ya maslahi, basi, aliingia mahali ambapo mlango wa kutokea ulikuwa umefungwa.

Ndoa ya mtawala mwenyewe

Mfano ulio mzito kuliko wote wa enzi hiyo ni wa mtawala aliyeipa sura yake. Mwaka 1785, akiwa bado mwana wa mfalme, George alifunga ndoa ya siri na mjane Mkatoliki aliyeitwa Maria Fitzherbert. Ndoa hiyo haikutambuliwa na sheria, kwa kuwa sheria ya mwaka 1772 ilitaka ndoa za ukoo wa kifalme zipate kwanza idhini ya mfalme. Kufikia mwaka 1795 madeni yake yalikuwa yamefikia takriban pauni 630,000, na njia iliyobaki ya kuyalipa ilikuwa kukubali ndoa rasmi ili Bunge limwongezee pato. Alichaguliwa binamu yake, Caroline wa Brunswick, ambaye hawakuwa wamewahi kuonana. Walipokutanishwa, mwana wa mfalme alimkumbatia kwa muda mfupi tu kisha akageuka na kuagiza kileo, na siku ya harusi, tarehe 8 Aprili 1795, alifika kanisani akiwa amelewa.

Mtoto wao wa pekee, Charlotte, alizaliwa tarehe 7 Januari 1796, na mwaka huo huo wazazi wake walitengana. Mume alipokuwa mfalme mwaka 1820, serikali yake ilipeleka bungeni muswada wa kuivunja ndoa na kumnyang'anya Caroline cheo cha malkia. Muswada ulishindikana kwa sababu umma ulikuwa upande wa mke, lakini siku ya kutawazwa mfalme, tarehe 19 Julai 1821, Caroline alizuiwa kuingia katika kanisa la Westminster, na mwezi uliofuata akafariki dunia. Binti yao alikuwa ameshafariki mwaka 1817 katika uzazi, na kifo hicho kiliwalazimisha wadogo wa George kuharakisha ndoa za kutafuta mrithi, zilizomleta duniani malkia wa baadaye, Victoria, mwaka 1819. Ndoa hii inafundisha kwamba fedha nyingi na hati nzuri haziwezi kumlinda mtu asiye na sauti ndani ya nyumba yake, maana Caroline, mke wa mfalme, alikuwa na hadhi ya juu kuliko wanawake wote wa nchi ile na bado hakuwa na mahali pa kusimama isipokuwa pale alipohurumiwa na watu wa mitaani.

Waandishi walivyoitazama

Jane Austen, aliyeishi kati ya mwaka 1775 na 1817, aliiandika ndoa ya maslahi akiwa ndani ya zama hizo. Katika riwaya yake Pride and Prejudice ya mwaka 1813, Bwana Bennet ana mabinti watano na shamba lililofungwa kisheria liende kwa Bwana Collins, ndugu wa kiume ambaye mabinti hao hawajawahi kumwona. Collins anakuja kuposa ndani ya nyumba atakayoirithi, na Elizabeth anamkataa. Siku chache baadaye rafiki yake Charlotte Lucas, mwenye umri wa miaka 27 na asiye na mali, anaikubali posa ya mtu huyo huyo. Charlotte hampendi wala hajidanganyi kwamba anampenda, na hoja yake ni ile ya wahenga wetu kwamba heri nusu shari kuliko shari kamili: akikataa atabaki mzigo kwa kaka zake, akikubali atakuwa na nyumba yake mwenyewe. Austen hamlaumu kwa pupa, bali anamwonyesha akipanga siku zake ndani ya nyumba hiyo kwa namna itakayomwezesha kukaa mbali na mumewe kwa saa nyingi, na kwa kufanya hivyo anamwachia msomaji apime ukubwa wa gharama aliyoilipa.

Fani ya riwaya za mapenzi za Rejensi kama inavyojulikana leo ilijengwa zaidi ya karne moja baadaye na Georgette Heyer, aliyezaliwa mwaka 1902 na kufariki mwaka 1974. The Convenient Marriage, aliyoichapisha mwaka 1934, imewekwa katika miaka ya kabla ya Rejensi, na inamhusu Horatia, binti wa miaka 17 anayemwendea bwana tajiri wa miaka 35 na kumwomba amwoe yeye badala ya dada yake, ambaye moyo wake uko kwa askari asiye na kitu. Yenye kina zaidi ni A Civil Contract ya mwaka 1961, ambamo Adam Deveril, ofisa wa jeshi anayerithi cheo pamoja na madeni ya marehemu baba yake, anamwacha Julia anayempenda na kumwoa Jenny, binti wa mfanyabiashara tajiri wa London. Heyer hakumgeuza Jenny kuwa mrembo, wala hakumwua Julia ili kumsafishia njia. Alionyesha mambo madogo ya kila siku, kama vile chakula anachokipenda mume kuwekwa mezani bila kuombwa, na aibu ya mume anayeishi kwa fedha za mkwe. Adam anapata uhuru wake kwa kununua dhamana za serikali wakati wa habari za Waterloo, ilhali wengine, mkwe wake akiwa miongoni mwao, waliamini kwamba Uingereza imeshindwa vitani. Baada ya kuwa huru ndipo anapotambua thamani ya mke wake, na mpangilio huo una hekima ndani yake, kwa sababu pendo lilichelewa kuota hadi pale deni lilipoondoka kati yao.

Kibanja na binti wa nyumbani

Katika Izigo, kama kwingineko Buhaya, moyo wa uchumi wa familia ni kibanja, yaani shamba la kudumu linaloizunguka nyumba, lenye migomba, mibuni chini ya migomba, na maharage katikati yake. Kibanja hutofautiana na rweya, ambayo ni mbuga ya majani iliyo nje ya makazi, zinakokatwa nyasi za kutandaza shambani na za kuezekea, na ambako wanawake kwa desturi walilima vipande vya msimu vya njugu mawe na mazao mengine. Rutuba ya kibanja imejengwa kwa mikono, kwa samadi na matandazo ya vizazi vingi, na mara nyingi makaburi ya mababu yamo humo humo. Kwa sababu hiyo kibanja cha kurithi kilihesabiwa kuwa mali ya ukoo, na aliyekishika alikishika kwa niaba ya waliotangulia na wanaokuja.

Mila hiyo iliandikwa na Hans Cory pamoja na M. M. Hartnoll katika kitabu kuhusu sheria za kimila za Wahaya kilichotoka mwaka 1945. Ukoo hufuata upande wa baba, watu wenye mwiko mmoja wa ukoo hawaoani, na mrithi mkuu, anayeitwa musika, kwa kawaida ni mtoto wa kiume wa kwanza. Binti aliolewa nje ya ukoo, kwa hiyo wazee waliona kwamba ardhi ikipewa binti itakwenda kwa wageni. Serikali ilipotangaza kanuni za sheria za kimila mwaka 1963, sehemu ya urithi iliweka wazi kwamba mwanamke anaweza kuitumia ardhi ya ukoo maisha yake yote lakini hawezi kuiuza, isipokuwa pale ambapo ukoo hauna mwanamume hata mmoja. Mabinti wa Bwana Bennet wangeielewa kanuni hiyo bila kufafanuliwa.

Matokeo yake kwenye ndoa yalikuwa yale yale. Mwanamke wa Kihaya alikifikia kibanja kwa kupitia mwanamume, akiwa binti kwa baba, mke kwa mume, au mjane kwa mwanawe, na posa ilikuwa shauri la koo mbili lililoendeshwa na wazee na mshenga. Mahari, ambayo zamani ilihusisha mbuzi, majembe, vitambaa vya magome ya miti, simbi na pombe ya ndizi, iligeuka kuwa fedha taslimu kahawa ilipoenea, na kwa kuwa mke akiondoka mahari ilidaiwa irudishwe, baba aliyekwisha kuitumia alikuwa na sababu ya kumsihi binti yake avumilie. Mazingira ya karibu na hayo yameelezwa kwa upana na Aniceti Kitereza wa Ukerewe, ambaye lugha yake ni jirani wa karibu wa Kihaya, katika riwaya kuhusu Myombekere na Bugonoka aliyoikamilisha mwaka 1945 na ambayo ilichapishwa kwa Kiswahili mwaka 1980. Humo wazazi wanamchukua binti yao kutoka kwa mume kwa sababu ya masimango ya mawifi na ndugu, na mume anayempenda mkewe analazimika kutoa faini ya pombe ili arudishiwe. Ndoa hiyo inaonyesha kwamba shauri la koo halikuwa adui wa mapenzi wakati wote, kwani wawili hao wanapendana kwa dhati ndani ya mfumo huo huo.

Waliobanwa walitafuta milango yao wenyewe. Wapo mabinti waliokimbilia misheni, ambazo kwa upande wa Wakatoliki zilianzia Kashozi mwaka 1892, na baadhi yao wakaingia utawa. Wapo pia wanawake wa Bukoba waliokwenda Kampala na Nairobi, hasa katika miaka ya 1930 bei ya kahawa ilipoporomoka, wakafanya kazi ambazo jamii iliwasimanga kwazo, kisha wakatumia fedha hizo kurudisha mahari, kuzisaidia familia zao na kununua vibanja. Kibanja cha kununua hakikuwa cha ukoo, hivyo mwanamke aliweza kukimiliki kwa jina lake. Wanawake hao wamesemwa vibaya kwa muda mrefu, na ni haki yao kukumbukwa kwamba walikuwa miongoni mwa wa kwanza kuonyesha Buhaya kwamba mwanamke mwenye ardhi halazimiki kuolewa ili apate pa kuishi.

Kesi iliyotoka Muleba

Mwezi Agosti 1988 mwanamke wa Wilaya ya Muleba aliyeitwa Holaria Pastory, aliyerithishwa ardhi ya ukoo na baba yake kwa wosia, aliiuza kwa shilingi 300,000 kwa mtu asiye wa ukoo, akieleza kwamba amezeeka na hana wa kumtunza. Siku iliyofuata ndugu wa ukoo, Bernardo Ephrahim, alifungua shauri katika Mahakama ya Mwanzo ya Kashasha akidai kwamba mauzo ni batili kwa kuwa mila ya Wahaya haimruhusu mwanamke kuuza ardhi ya ukoo. Mahakama hiyo ilikubaliana naye, Mahakama ya Wilaya ikatengua, na rufaa ikafika Mahakama Kuu, Mwanza, mbele ya Jaji James Mwalusanya.

Mwezi Februari 1990 Jaji Mwalusanya aliamua kwamba kanuni inayomruhusu mwanamume kuuza na kumkataza mwanamke ni ubaguzi unaokatazwa na Ibara ya 13(4) ya Katiba, iliyokuwa imeingizwa pamoja na haki za binadamu mwaka 1984, na kwamba mwanamke anaweza kuuza ardhi ya ukoo kwa masharti yale yale yanayomhusu mwanamume. Mauzo yakathibitishwa. Uamuzi huo haukufuta mila yote ya urithi, kwani kanuni za mwaka 1963 ziliendelea kutumika mahali pengi, lakini ulivunja hoja kwamba ardhi na mwanamke ni vitu visivyokutana isipokuwa kwa njia ya mume.

Sheria nyingine zimeongeza nguvu. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inaitambua ndoa kuwa muungano wa hiari, inataka ridhaa ya kweli ya kila mmoja, inampa mke haki sawa na ya mume ya kumiliki na kuuza mali, na haiihesabu ndoa kuwa batili kwa sababu tu mahari haikulipwa. Mwaka 1983 Mahakama ya Rufani, katika kesi ya Bi Hawa Mohamed dhidi ya Ally Sefu, ilikubali kwamba kazi za nyumbani za mke ni mchango katika mali ya familia. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 inabatilisha mila yoyote inayomnyima mwanamke haki ya kupata ardhi. Kuhusu umri, vifungu vya Sheria ya Ndoa vilivyoruhusu msichana kuolewa akiwa na miaka 14 au 15 vilitangazwa na Mahakama Kuu mwaka 2016 kuwa vinakwenda kinyume cha Katiba katika kesi iliyofunguliwa na Rebeca Gyumi, na Mahakama ya Rufani ikaunga mkono uamuzi huo mwaka 2019.

Namna ya kuzisoma riwaya hizo leo

Riwaya za Rejensi zinastahili kusomwa na kufurahiwa, kwa kuwa zinashikilia ukweli ambao wazee wa Buhaya waliujua vizuri: mapenzi yanaweza kukua baada ya harusi, na subira, heshima na huduma ndogo za kila siku hujenga kile ambacho maneno matamu ya uchumba hayawezi kukijenga peke yake. Hatari yake ni kumfanya msomaji asahau idadi ya waliofungwa ndani ya mikataba ya aina hiyo bila pendo kuja. Mwandishi ana uwezo wa kumpa Horatia mume mwema, lakini sheria iliyomfanya binti wa miaka 17 ajipeleke kwa mgeni ili kuwaokoa nduguze haikumpa uhakika huo, na Caroline wa Brunswick aliuonja ukweli huo hadi mwisho wa maisha yake.

Kwa familia za Izigo na kwingineko, funzo linatekelezeka bila kuvunja heshima ya ukoo. Baba anaweza kuandika wosia unaomtaja binti waziwazi, mume na mke wanaweza kuomba hati ya hakimiliki ya kimila yenye majina yao wote wawili, na wazee wanaokaa kwenye posa wanaweza kumuuliza binti ridhaa yake kabla ya kutaja mahari. Binti mwenye kibanja, au mwenye hakika ya sehemu yake, bado anaweza kuchagua mume kwa kuangalia mali, tabia na ukoo, kama wengi walivyofanya na wataendelea kufanya, na uchaguzi wake utastahili kuheshimiwa kwa sababu angeweza kukataa na bado akawa na pa kuishi.